Pati za Kuku za Kugandishwa Kwenye Eafraya: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara na Wapishi wa Mbeya na Nyanda za Juu Kusini

Napika na kuuza baga hapa Uyole, Mbeya, na tangu watu waanze kununua eafraya haipiti wiki bila mteja kuniuliza jambo lilelile: "Mama, hizi pati za kuku za kwenye friza nazipikaje ziive bila kukauka?" Nimeyakusanya hapa maswali ninayoulizwa zaidi. Mengine nitayajibu kwa kifupi. Yale yanayohusu afya ya watoto nitayaeleza kwa urefu, kwa sababu hayo nayajali kuliko ladha.

Ninaposema pati nina maana ya kile kipande bapa cha mviringo cha kuku wa kusaga, kilichochovywa kwenye uji wa unga, kikagaragazwa kwenye chenga za mkate, kisha kikagandishwa. Eafraya ni lile jiko dogo la umeme lenye waya wa moto juu na feni inayozungusha hewa ya moto kuzunguka kikapu. Halikaangi hasa. Linaoka kwa upepo mkali.

Pati zikiwa na rangi ya dhahabu tangu kwenye pakiti, si zimeshaiva?

Si lazima, na hapa ndipo wengi wanapoumia.

Kiwandani, pati nyingi hutumbukizwa kwenye mafuta ya moto kwa muda mfupi sana, sekunde tu, ili chenga zishike na zipate rangi. Baada ya hapo hugandishwa. Nje panakuwa na rangi ya chakula kilichoiva, ndani nyama ni mbichi kama ilivyotoka kwenye mashine ya kusagia. Zipo pia pati zilizoivishwa kabisa kiwandani, ambazo wewe kazi yako ni kuzipasha tu. Ukiziweka mezani huwezi kuzitofautisha kwa macho.

Mimi nilijifunza hili vibaya. Ilikuwa Julai, sikukuu ya kuzaliwa ya mtoto wa mdogo wangu, nyumba imejaa watoto. Nilikuwa na pakiti mpya, pati zinang'aa, nikaziweka dakika sita, zikatoka na gamba zuri linalolia ukiligusa kwa uma. Mtoto akang'ata mara moja, akaniambia, "Mama mkubwa, katikati ni baridi." Nilipoipasua nikakuta nyama ya rangi ya waridi, inanata kama unga wa maandazi. Nilipita nikikusanya sahani moja moja kutoka mikononi mwa watoto. Tangu siku hiyo sipiki pati yoyote kabla sijasoma pakiti.

Pakiti nyingi zimeandikwa kwa Kiingereza, basi tafuta maneno haya. *Fully cooked* maana yake imeshaiva. *Raw* au *uncooked* maana yake ni mbichi. Neno linalowapoteza watu ni *ready to cook*: wengi wanaona "ready" wanadhani iko tayari kuliwa, kumbe iko tayari kupikwa, yaani ni mbichi. Usipoona neno lolote, ihesabu kuwa mbichi.

Na tatizo hili si la kwetu peke yetu. Marekani wamepata milipuko kadhaa ya ugonjwa unaoletwa na bakteria wa salmonela, iliyotokana na kuku mbichi wa kugandishwa, aliyejazwa vitu kama jibini ndani na kupakwa chenga, kwa sababu walaji waliona rangi wakadhani ameiva. Mwaka 2024 mamlaka yao ya ukaguzi wa nyama iliamua kwamba bidhaa hizo zikikutwa na bakteria hao kuanzia kiwango fulani zihesabiwe kuwa hazifai kuuzwa. Kama kwa wenzetu wenye wakaguzi na lebo kila mahali rangi inadanganya, jikoni kwangu na kwako itadanganya tu.

Basi niweke joto gani, kwa dakika ngapi?

Kwa pati ya kawaida, yenye unene wa sentimita moja na nusu hivi, ikitoka moja kwa moja kwenye friza:

Iliyoiva kiwandani: nyuzi 190 za Selsiasi, dakika 9 hadi 11, unaigeuza ikifika katikati.

Mbichi: nyuzi 180, dakika 15 hadi 17, unaigeuza kwenye dakika ya nane. Nashusha joto makusudi. Ukiweka nyuzi 200 gamba litakuwa kahawia kabla moto haujafika katikati, na utaitoa mapema kwa kuihurumia.

Hizo dakika ni za kuanzia. Eafraya hazifanani, na ile ndogo ya lita tatu huwa na moto mkali zaidi kwa sababu chakula kiko karibu na waya. Washa tupu dakika tatu kwanza. Katika baridi ya Juni na Julai, asubuhi ambazo huku hushuka chini ya nyuzi 10, mimi nawasha dakika tano, maana hata chuma cha kikapu kimelala kwenye baridi usiku kucha.

Panga pati ziwe mstari mmoja, zisigusane. Ukizipandisha moja juu ya nyingine, pale zilipogusana upepo haupiti, na hapo ndipo utakuta ubichi.

Nitajuaje imeiva kweli?

Kwa kipimajoto cha nyama, kile cha sindano. Kichome kwa ubavuni, ncha ifike katikati ya pati, si kutoka juu, maana pati ni nyembamba na utatokeza upande wa pili ukapima joto la kikapu. Kuku anatakiwa afike nyuzi 74 katikati. Pima pati iliyokaa pembeni na iliyokaa katikati ya kikapu. Ikisoma 68, rudisha dakika mbili, pima tena.

Kama huna kipimajoto, pasua ile nene kuliko zote. Nyama iwe nyeupe mpaka ndani, mvuke utoke, maji yake yasiwe na wekundu. Njia hii ni dhaifu, nasema wazi, kwa sababu kuku wa kusaga anaweza kupoteza wekundu kabla hajafika joto linaloua bakteria. Ukiwa na pati mbichi na watoto mezani, tafuta kipimajoto.

Nilikijaribu kipimajoto changu kwenye maji yanayochemka, kikasoma 94. Ni kibovu?

Ni kizima. Wewe ndiye uko juu mlimani.

Maji huchemka kwa nyuzi 100 usawa wa bahari. Kadiri unavyopanda, hewa inapungua uzito, na maji yanachemka mapema: takriban nyuzi moja inapungua kila mita 300. Mbeya mjini tuko kwenye mita 1,700 hivi, basi maji yetu yanachemka karibu na 94. Iringa mjini ni kama 95. Njombe wanashuka mpaka 93 na kidogo. Ukiteremka Kyela kandoni mwa Ziwa Nyasa, utasoma karibu 98. Ndiyo maana maharage yanachukua muda mrefu zaidi Njombe kuliko Kyela, na kila mama wa huku analijua hilo hata kama hajawahi kuona kipimajoto.

Jaribio ambalo halibadiliki popote ni la barafu: jaza glasi vipande vya barafu, ongeza maji kidogo, koroga, subiri dakika tatu, choma sindano. Kisome sifuri au karibu kabisa na sifuri.

Lakini usije ukasema, "Kwa kuwa maji yanachemka kwa 94, basi na kuku nimpunguzie." Hapana. Bakteria hawajui kwamba tuko Mbeya. Ni 74 Dar es Salaam, ni 74 Makete.

Mbona nikifuata dakika za ndugu yangu wa Dar, pati yangu inakauka nje na ndani bado?

Jibu liko kwenye hewa ileile. Hewa ya Mbeya ni nyepesi kuliko ya pwani kwa karibu moja ya tano. Eafraya inategemea hewa kubeba moto kutoka kwenye waya hadi kwenye nyama, kwa hiyo upepo wetu unabeba moto pungufu kwa kila mzunguko. Wakati huohuo maji yanakimbia haraka kutoka kwenye gamba. Unapata gamba lililokauka juu ya nyama iliyochelewa.

Wengi wanajibu kwa kuongeza joto, na hapo wanazidisha tatizo. Mimi ninafanya kinyume: naacha joto lilelile au nalipunguza nyuzi 10, naongeza dakika moja au mbili, na kabla ya kuwasha napaka mafuta ya alizeti kwa brashi, nusu kijiko cha chai kwa kila pati, pande zote mbili. Mafuta hayo yanazuia chenga zisikauke kama vumbi. Alizeti tunayo, Iringa na Njombe wanakamua nzuri, hakuna sababu ya kubania.

Niziyeyushe kwanza?

Usiyeyushe. Barafu ikiyeyuka maji yanatoka kwenye nyama yanalowanisha chenga, na ukija kuigeuza gamba linabaki kwenye kikapu. Tena pati mbichi iliyokaa mezani inapata joto nje ikiwa bado jiwe katikati, na huko nje bakteria wanaanza kazi. Toka friza, ingia kikapuni.

Nazinunua Dar au naagiza kwa basi. Nitajuaje hazikuyeyuka njiani?

Kutoka Dar mpaka Mbeya ni zaidi ya kilomita 800, na ukipita Morogoro na Mikumi mchana unajua joto lake. Sanduku lisilo na barafu ya kutosha halifiki salama, hata kama mtumaji alifunga kwa karatasi ya gazeti safu tano.

Pokea mzigo ukiwa na macho. Tikisa pakiti: pati zilizotunzwa vizuri zinagongana kama vigae. Zikiwa zimeshikana bonge moja, ziliyeyuka zikagandishwa upya. Angalia pia chini ya mfuko. Ukiona bamba la barafu limeganda kwenye kona, hayo ni maji yaliyotoka kwenye nyama. Unga mweupe wa barafu kidogo juu ya chenga si kitu, lakini theluji nene ndani ya mfuko ni dalili ya joto kupanda na kushuka. Soma tarehe ya mwisho wa matumizi, na angalia kama kuna alama ya TBS, yaani Shirika la Viwango Tanzania.

Kuna duka moja mjini lilikuwa linazima friza usiku kupunguza bili. Nilinunua hapo pakiti mbili, zote bonge. Nilizirudisha, muuzaji akasema, "Dada, si zimeganda tena?" Zimeganda, ndiyo. Ila kugandisha hakuui bakteria, kunawalaza tu. Walioongezeka usiku wanabaki ndani wakisubiri joto lingine.

Umeme ukikatika pati zikiwa kwenye friza?

Usifungue mlango. Friza iliyojaa, isipofunguliwa, hukaa na baridi yake kama saa 48. Iliyojaa nusu, saa 24. Kila unapochungulia unapunguza saa hizo. Kama yako ina nafasi tupu, jaza chupa za maji zigande, zitasaidia kushika ubaridi.

Na hapa nakupa kitu ninachokifanya mwenyewe. Gandisha kikombe cha maji, weka sarafu ya shilingi 200 juu ya barafu, kirudishe ndani ya friza. Ukisafiri kwenda msibani Tukuyu siku tatu, ukirudi angalia sarafu. Ikiwa bado juu, friza haikuyeyuka. Ikiwa imezama nusu au iko chini kabisa, umeme ulikatika muda mrefu ukarudi, na hakuna jirani atakayekumbuka kukwambia. Vyakula hivyo usivipike kwa kuhisi.

Na ukikatika pati zikiwa zinaiva?

Zile mbichi, usiziache kikapuni ukisubiri. Washa gesi au mkaa, kikaango chenye mafuta kidogo, moto wa wastani, funika, malizia hapohapo hadi 74. Kama huna moto mwingine na umeme umekaa zaidi ya saa moja, mimi natupa. Inauma, najua bei yake. Usizirudishe kwenye friza zikiwa nusu, kwa sababu nyama vuguvugu ndiyo bakteria wanayoipenda.

Inakula uniti ngapi za Luku?

Kidogo kuliko watu wanavyoogopa. Eafraya ya wati 1,500 ikiwaka dakika 15, pamoja na zile tatu za kuipasha, haizidi uniti 0.45. Ukipika hivyo kila siku ni kama uniti 13 na nusu kwa mwezi. Kwa aliye kwenye kundi la matumizi madogo, lile la uniti 75, hizo 13 na nusu ni nyingi, azihesabu kabla ya kuzoea. Kwa gharama, chukua risiti yako ya mwisho, gawa pesa kwa uniti ulizopata, zidisha kwa 0.45.

Nichomeke kwenye ekstensheni?

Ikiwezekana, chomeka ukutani. Wati 1,500 kwenye umeme wetu wa volti 230 zinavuta ampea sita na nusu. Ukiongeza birika la wati 2,000 kwenye ekstensheni hiyohiyo umefika ampea 15, wakati plagi yetu ya miguu mitatu mipana mwisho wake ni 13. Utasikia harufu ya plastiki kabla fyuzi haijakatika. Na kama eafraya umeletewa mtumba kutoka Marekani, pindua usome kibandiko cha chini: ikisema volti 120 peke yake, usiiguse soketi nayo bila transfoma.

Naweza kuweka karatasi ya kuokea chini?

Unaweza, ila usiiweke wakati unapasha jiko tupu. Feni itainua igonge waya wa moto na iungue. Weka karatasi pati zikiwa juu yake, na itoboe matundu upepo upite.

Naweza kutengeneza zangu kwa kuku wa kienyeji?

Swali hili nalipenda, na jibu ni ndiyo, tena ni tamu kuliko za dukani. Kuku wa kienyeji nyama yake ni ngumu na haina mafuta mengi, kwa hiyo usisage kidari peke yake. Changanya kidari na paja, acha ngozi kidogo, saga mara mbili. Kwa nusu kilo ya nyama weka kitunguu kimoja kidogo kilichokunwa na kukamuliwa maji, kitunguu saumu, pilipili manga, chumvi kijiko cha chai kasoro kidogo, na vijiko viwili vya chenga za mkate. Tengeneza vipande sita, unene wa sentimita moja na nusu, katikati ubonyeze kidogo kwa dole gumba ili kisivimbe.

Chenga pata kwenye mkate wa juzi. Ukaushe kwenye eafraya yenyewe nyuzi 120, dakika nane, uuponde kwenye mfuko kwa chupa. Chovya pati kwenye unga wa ngano, halafu yai, halafu chenga, ukibonyeza kwa kiganja. Zigandishe kwenye trei zikiwa zimeachana mpaka ziwe ngumu, ndipo uzipange kwenye mfuko na karatasi katikati. Andika tarehe, na andika neno MBICHI kwa kalamu nene, hasa kama una msaidizi wa nyumbani au mtoto anayejipikia akitoka shule.

Hizi hazikupita kwenye mafuta ya kiwandani, basi zisipopakwa mafuta zitaiva zikiwa nyeupe kama chokaa. Mafuta kwa brashi, nyuzi 180, dakika 17, kipimajoto.

Nile nazo nini?

Mama mkwe wangu wa Tukuyu alizila na ndizi za kuchemsha na parachichi lililopondwa kwa ndimu na chumvi, akaniomba za kesho yake. Tangu hapo parachichi la Rungwe ndilo sosi yangu ya baga.

Kikapu kinanata, nikisugue kwa steelwire?

Usikwaruze. Kiloweke kwenye maji ya moto na sabuni dakika kumi, sifongo laini inatosha. Na epuka mafuta ya kupuliza ya kopo yaliyochanganywa na kemikali nyingine, yanaganda kama gundi na kubandua rangi ya kikapu. Tumia brashi.

Naweza kumwekea mtoto kwenye chakula cha shule?

Mteja wangu mmoja wa Iringa alinipigia, akaanza na "kamwene", salamu ya Kihehe, kisha akauliza hili kwa sauti ya mtu aliyelala nalo. Anapika saa kumi na mbili asubuhi, mtoto anakula saa nne na nusu.

Shirika la Afya Duniani (WHO) linashauri chakula kilichopikwa kisikae zaidi ya saa mbili kwenye joto la kawaida la chumba, na kile kinachosubiri kuliwa kibaki juu ya nyuzi 60. Baridi ya Iringa haitusaidii hapo, maana hata chumba chenye nyuzi 15 hakijawa friji. Nilimwambia hivi: mimina maji yanayochemka kwenye hotpoti ndogo ya mtoto, funika dakika tano, mwaga, pangusa, weka pati ikitoka moja kwa moja kwenye kikapu, funga. Gamba litalainika kwa mvuke, hilo halina dawa, lakini itakaa moto. Jumamosi moja ajaribu nyumbani: aifunge saa kumi na mbili, aifungue saa nne na nusu, achome kipimajoto. Alijaribu, ikasoma 52. Sasa pati wanakula nyumbani jioni, na shuleni mtoto anabeba mkate wa siagi na karanga na ndizi.